Maya Deren: Mwanamke wa Kamera Kuukuu Aliyeitikisa Sinema

Kila mwenye simu ameshaiona ile klipu. Mtu anainua mguu akiwa sebuleni, kufumba na kufumbua mguu unatua kwenye mchanga wa baharini, nguo zimebadilika na biti imedondoka hapohapo. Vijana wanaiita tranzisheni. Ukiipatia vizuri, wafuasi wanamiminika.

Sasa rudi nyuma miaka zaidi ya 80. Hakuna simu ya mkononi, hakuna programu ya kuhariri, hakuna kompyuta nyumbani kwa mtu. Kuna mwanamke wa miaka 26 huko Hollywood, ana kamera ya mitumba na mume wa kumsaidia kushika. Anapiga hatua nne tu. Ya kwanza inakanyaga ufukweni, ya pili kwenye majani, ya tatu kwenye njia ya sakafu ngumu, ya nne kwenye zulia la ndani. Hatua nne, sehemu nne, mwendo mmoja usiokatika. Na mkononi ameshika kisu.

Huyo ndiye Maya Deren, na mwaka ni 1943. Kilomita chache kutoka nyumbani kwake kulikuwa na studio kubwa kuliko zote duniani zikimwaga mamilioni ya dola kwenye muvi. Yeye filamu yake ya kwanza ilimgharimu dola zisizofika 300. Leo muvi nyingi za mwaka ule zimesahaulika, ila ya kwake bado inafundishwa vyuoni.

Lakini usidhani hii ni stori ya mtu aliyetoka chini akaishia kwenye jumba la kifahari. Jumba hilo hakuwahi kulipata. Hii ni stori ya mtu aliyechagua kuwa huru, na bei aliyoilipa.

KABLA HAJAITWA MAYA

Alizaliwa mwaka 1917 mjini Kiev, Ukraine ya leo, kwenye familia ya Kiyahudi. Jina alilopewa ni Eleonora Derenkowsky. Baba yake alikuwa daktari wa magonjwa ya akili. Enzi hizo Wayahudi wa maeneo yale walikuwa wanavamiwa na kuuawa, hivyo mwaka 1922 familia ikakimbilia Marekani na kutua Syracuse, jimbo la New York. Jina refu likakatwa, likabaki Deren.

Binti alikuwa kichwa. Akasoma mpaka shahada ya uzamili ya fasihi ya Kiingereza, akaimaliza mwaka 1939. Alipenda ushairi kufa, lakini mwenyewe akiandika mashairi hakuridhika. Kichwani alikuwa anaona picha, halafu anahangaika kuzigeuza maneno. Kuna kitu kilikuwa hakijakaa sawa.

Mlango ukafunguliwa na mwanamke mwingine: Katherine Dunham, mcheza dansi Mmarekani mweusi aliyesomea pia elimu ya tamaduni za watu, na aliyekuwa ameshaishi Haiti akichunguza ngoma za kule. Mwaka 1941 Deren akapata kazi ya ukatibu kwenye kundi lake, akazunguka nao Marekani kwenye maonyesho. Kazi ilikuwa ya kupiga taipu na kupanga safari, ila macho yalikuwa yanasoma. Akaona jinsi mwili wa mtu unavyoweza kusema bila kutamka neno. Na jina la Haiti likamwingia kichwani, likakaa.

Kundi likafika Los Angeles. Hapo akakutana na Alexander Hammid, mpiga filamu kutoka Czechoslovakia aliyekimbia nchi yake kwa sababu ya Wanazi. Wakaoana mwaka 1942. Mwaka uliofuata ndipo Eleonora akaanza kujiita Maya. Katika falsafa ya Kihindi neno hilo lina maana ya kiinimacho, yaani kile unachokiona ukadhani ndicho, kumbe sicho. Kwa mtu anayeingia kwenye filamu, jina lilimkaa kama la kupimiwa.

KAMERA YA URITHI

Mwaka huohuo wa 1943 baba yake akafariki. Wengine urithi wananunua gari. Maya akanunua kamera kuukuu aina ya Bolex ya milimita 16. Kamera hii inavutwa ufunguo kama saa ya mezani ya zamani, unapiga kama nusu dakika halafu nguvu inaisha, unavuta tena. Haina betri, na sauti hairekodi. Watu wa studio waliiona kama kifaa cha kupigia picha za birthday.

Na kamera hiyo, wao wawili ndani ya nyumba yao, wakatengeneza Meshes of the Afternoon, dakika 14 tu.

Stori yake ukiisimulia inaonekana ndogo. Mwanamke anaokota ua njiani, anaingia nyumbani, anakuta kisu kwenye mkate, simu iko nje ya mahali pake, santuri inazunguka yenyewe ghorofani. Anakaa kwenye kiti, usingizi unampitia. Ndotoni anamkimbiza mtu aliyevaa joho jeusi, na mtu huyo akigeuka hana uso, ana kioo. Hamfikii. Anarudi ndani, anajikuta yeye mwenyewe amelala kwenye kiti. Anarudi tena, sasa wako watatu wamekaa mezani, wote ni yeye. Ufunguo ukishikwa kiganjani unageuka kisu.

Hapo hakuna kompyuta. Ngazi inayoyumba kama meli ni mtu kaiinamisha kamera huku Maya akijirusha ukutani. Ujanja wote uko kwenye kamera, kwenye mkasi na kwenye mwili wake mwenyewe, maana mwigizaji mkuu ni yeye na mwanamume anayeonekana ni mumewe.

Mpaka kesho watu wanabishana ni kazi ya nani hasa. Wapo wanaosema Hammid ndiye aliyekuwa fundi, kwa hiyo filamu ni yake. Lakini filamu zilizofuata zinajibu zenyewe. Hammid alirudi kwenye kazi zake, na Maya akaendelea na njia ileile, akaipeleka mbali zaidi. Ndoa ikavunjika mwaka 1947. Hammid baadaye akamuoa Hella Heyman, ambaye ndiye alikuwa akimshikia Maya kamera kwenye filamu zilizofuata. Mjini bwana!

MGUU MSITUNI, KISIGINO SEBULENI

Mwaka 1944 akatoa At Land. Mwanamke anatemwa na bahari, mawimbi yanarudi kinyumenyume. Anapanda gogo la ufukweni, kichwa kikitokeza juu anajikuta kwenye meza ndefu ya karamu. Watu wanavuta sigara na kupiga stori. Anatambaa katikati yao juu ya meza, na hakuna anayemwona. Msichana yeyote aliyewahi kukaa kwenye kikao cha wakubwa akasema jambo na hakuna aliyegeuka, ile picha anaijua bila kutafsiriwa.

Mwaka 1945 ikaja fupi kuliko zote, A Study in Choreography for Camera, dakika tatu hivi. Mchezaji ni mmoja tu, Talley Beatty, kijana mweusi aliyetoka kwenye kundi la Dunham. Anainua mguu msituni, anaushusha, unatua ndani ya chumba. Hii ndiyo bibi wa tranzisheni zote.

Siri yake iko kwenye mwendo. Jicho la mtu linafuata kitu kinachotembea kuliko linavyofuata mahali. Kama mguu ulikuwa unashuka kwenye picha ya kwanza, na kwenye picha ya pili ukaanza ukiwa hewani unaendelea kushuka kwa kasi ileile, ubongo unaunganisha wenyewe. Unakubali kwamba msitu na chumba vimepakana. Mwishoni Beatty anaruka, na mruko huo umeungwa kwa vipande kadhaa: vya kupanda, vya kuelea, vya kushuka. Anakaa hewani muda ambao hakuna binadamu anaweza. Maya hakuwa anarekodi dansi iliyokuwepo. Dansi ile haikuwahi kuchezwa popote duniani isipokuwa ndani ya filamu, na kamera ilikuwa mchezaji wa pili.

Beatty pia hakuwekwa pale kwa ajili ya kuchekesha wala kubeba trei. Hollywood ya miaka ile, mtu mweusi alipewa jikoni na mlangoni. Kwenye filamu ya Maya anapewa fremu nzima, na ulimwengu wote unajipanga kufuata mguu wake.

UKUMBI ALIUKODI MWENYEWE

Kutengeneza ni jambo moja, kuonyesha ni jingine. Majumba ya sinema yalikuwa mikononi mwa studio, na hakuna studio ingepokea filamu ya dakika 14 isiyo na sauti wala stori ya kueleweka. Maya hakusubiri. Februari 1946 alikodi ukumbi mdogo wa Provincetown Playhouse, mtaa wa Greenwich Village, New York, akatangaza mwenyewe filamu zake tatu. Watu wakajaa mpaka wengine wakakosa nafasi.

Mmoja wa waliovutiwa ni Amos Vogel, kijana aliyekimbia Austria kwa sababu ya Wanazi. Mwaka uliofuata yeye na mkewe wakaanzisha Cinema 16, klabu ya filamu iliyokuja kupata wanachama maelfu na kuonyesha kazi ambazo zisingepita popote. Ilianzia kwenye ukumbi uleule.

Mwaka huohuo wa 1946 Maya akapata ruzuku ya Guggenheim, pesa ambayo hadi hapo ilikuwa imezoeleka kwa wachoraji, washairi na wasomi. Mwaka 1947 Meshes ikachukua tuzo Cannes, upande wa filamu za majaribio za milimita 16. Akawa anazunguka vyuoni na begi la filamu, anaonyesha, anafundisha, anajibu maswali, anaandika makala, anatuma barua, anapanga bei za kukodisha. Meneja, msambazaji, msemaji, wote ni yeye.

RIDHAA NA KULIPWA

Mashabiki wa ngumi wanajua kuna ngumi za kulipwa na ngumi za ridhaa. Wa kulipwa ana promota, ana mkataba, anapigana na aliyepangiwa. Wa ridhaa anapanda ulingoni kwa sababu ameridhia.

Maya aliandika makala juu ya jambo hilohilo. Neno la Kizungu la mtu wa ridhaa linatokana na Kilatini, maana yake ni mpenda, mtu anayefanya kitu kwa kukipenda. Watu walilitumia kama tusi, kwamba huyu bado hajaiva. Yeye akaligeuza likawa cheo. Alisema mtu wa ridhaa asiwaonee wivu watu wa studio, maana wao wamefungwa: wana mzigo wa vifaa, wana maneno marefu ya waandishi, wana matajiri wa kuwaridhisha. Aliye huru anaweza kupiga picha ya jani au upepo bila kumweleza mtu faida yake. Ushauri wake ulikuwa kwamba filamu haiwi nzuri kwa kuongeza vifaa. Kifaa kikuu ni wewe mwenyewe, mwili wako unaotembea na akili yako inayowaza.

Na alikuwa na mdomo. Alijigamba kwamba filamu zake zinatengenezwa kwa pesa ambayo Hollywood inaimaliza kwenye lipstiki.

Ila msimamo huo ulimletea vita. Oktoba 1953 Cinema 16 waliandaa mjadala kuhusu ushairi na filamu. Kwenye meza alikaa na wanaume watupu, wakiwemo Dylan Thomas, mshairi maarufu wa Wales, na Arthur Miller, mwandishi wa tamthilia. Maya akaeleza hoja yake. Kuna filamu zinazokwenda mbele, tukio linazaa tukio, kama utenzi unaosimulia vita kutoka mwanzo hadi mwisho. Na kuna filamu zinazochimba chini, zinasimama kwenye dakika moja na kuuliza dakika hii ina nini ndani yake, kama wimbo mfupi wa mtu aliyeachwa. Akatoa mfano wa Shakespeare: stori inakwenda, halafu mhusika anasimama peke yake na kuumwaga moyo.

Dylan Thomas akafanya utani, ukumbi ukacheka. Miller naye akaikataa hoja. Ilikuwa ni ile meza ya At Land, safari hii kweli. Lakini hakushuka mezani. Aliendelea kueleza, na leo ukiingia darasa la filamu, maneno yanayojadiliwa kutoka usiku ule ni ya kwake.

HAITI, MAHALI ALIPOISHUSHA KAMERA

Hapa ndipo penye uzito wa maisha yake yote.

Mwaka 1947, akiwa na pesa ya Guggenheim, alikwenda Haiti, ile nchi aliyoisikia kwa Dunham. Mpango ulikuwa filamu ya sanaa. Achukue ngoma za kule, azikate, azipange upya kama alivyofanya na mguu wa Beatty. Kwa kipindi cha miaka saba hivi akaenda na kurudi, akapiga karibu futi 18,000 za filamu. Hiyo ni zaidi ya kilomita tano za mkanda.

Lakini alipokaa na wenyeji, akaona ngoma zile haziwezi kung'olewa. Zilikuwa ibada. Waswahili husema mtu amepandwa, au amepandisha. Wahaiti nao, kwenye dini ya Vodou, husema mtu ni farasi na roho ndiyo mpanda farasi. Kila pigo la ngoma lina mwenyewe anayeitwa, kila mchoro wa unga chini una maana. Waumini ambao mababu zao waliletwa utumwani kutoka Afrika walikuwa wameilinda dini hiyo huku wakuu wa nchi na kanisa wakiipiga marufuku mara kwa mara. Na Hollywood ilikuwa imeshaifanya kituko cha kutishia watoto, misukule na wanasesere wa kuchomwa sindano.

Wakamkaribisha, akawa mshiriki, hata mwenyewe akaandika jinsi alivyopandwa. Na hapo msanii aliyesifika kwa kukata na kuunga akagoma kukata. Akaandika kitabu, Divine Horsemen, kilichotoka mwaka 1953, na mwanzoni mwake akakiri waziwazi: alikwenda kama msanii wa kuvigeuza vitu viwe kazi yake, akaishia kuandika kwa unyenyekevu kile alichokikuta, kwa sababu kilikuwa kimekamilika bila yeye.

Filamu hakuimaliza. Fikiria presha hiyo. Pesa ya watu imetumika, dunia ya sanaa inasubiri, mkanda upo ndani, na ungemletea jina kubwa. Yeye akauacha.

BEI YA UHURU

Hakuacha kazi. Mwaka 1948 alitoa Meditation on Violence, akiwa na mcheza kung fu wa Kichina, ambapo katikati filamu inageuka na kuanza kurudi nyuma bila mtazamaji kushtuka. Miaka ya 50 akatengeneza The Very Eye of Night, wachezaji wakielea kama nyota. Alianzisha mfuko wa kuwasaidia wasanii wengine wa filamu huru. Mume wake wa mwisho, mwanamuziki Teiji Ito, ndiye aliyeiwekea Meshes ule muziki unaosikika leo, maana mwanzo filamu ilikuwa kimya kabisa.

Lakini mfukoni hali ilikuwa ngumu. Filamu fupi hazilipi, mihadhara ya vyuo hailipi. Tarehe 13 Oktoba 1961 alifariki kwa kuvuja damu kwenye ubongo. Alikuwa na miaka 44 tu. Walioandika maisha yake wamekihusisha kifo hicho na lishe duni pamoja na dawa za kumchangamsha alizokuwa akitumia. Majivu yake yalimwagwa mlima Fuji, Japani.

Baada ya hapo heshima zikaanza kuja, kama kawaida ya dunia. Mwaka 1986 Taasisi ya Filamu ya Marekani ikaanzisha tuzo ya watengenezaji filamu huru na kuipa jina lake. Mwaka 1990 Meshes ikaingizwa kwenye orodha ya taifa ya filamu za Marekani zinazohifadhiwa. Mwaka 1994 Milla Jovovich akatoa video ya wimbo inayoifuata Meshes karibu hatua kwa hatua. Na mwaka 2022, jarida la Sight and Sound la Uingereza lilipowauliza wakosoaji wa dunia nzima kuhusu filamu bora za wakati wote, dakika zile 14 za kamera kuukuu zikashika nafasi ya 16.

Kuna jambo moja limebaki. Ile mikanda ya Haiti haikubaki sandukuni milele. Teiji Ito na mke aliyemuoa baadaye, Cherel, waliichukua, wakaiunga, wakaweka sauti za ngoma na maneno kutoka kwenye kitabu cha Maya. Ikatoka kama filamu, na mpaka leo ni moja ya kumbukumbu adimu za ibada zile kwa kipindi kile. Wasioijua Vodou wamejifunza mengi humo.

Ila yeye mwenyewe alikuwa na mkanda huo miaka yote, ana mkasi, ana ujuzi kuliko wote, na aliamua kutoukata. Je, waliomalizia walimuenzi, au walimvunjia neno? Wadau, nyie mnasemaje?